Mkono Usioonekana: Beate Mainka-Jellinghaus na Kazi ya Kuhariri Filamu

Mtu atazamapo filamu hulishika jina la mchezaji. Akiwa mpenzi wa sanaa hiyo, hulishika na jina la mwongozaji. Ama jina la yule aliyejifungia chumbani majuma na miezi, akazikata picha na kuziunga hata zikawa hadithi moja, hilo hupita upesi mbele ya macho, aghalabu wakati watu wameshasimama kutafuta viatu vyao na kuwaamsha watoto. Ndivyo ilivyo katika kazi nyingi za mikono. Anunuaye mkeka husifu rangi na marembo. Ni wachache waulizao ni nani aliyesuka ukili, na ni nani aliyeushona kwa mshono usioonekana. Walakini mshono ukiwa mbovu mkeka hufumuka, na rangi zote hazifai kitu.

Katika makala haya tumekusudia kusimulia kazi ya mwanamke mmoja wa Kijerumani, Beate Mainka-Jellinghaus, mhariri wa filamu. Huenda msomaji akajiuliza: Mjerumani huyu ana nini katika kitabu cha utamaduni wa taifa letu? Tunazo sababu mbili. Ya kwanza ni kwamba sehemu ya kazi yake ilikuwa picha za nchi zetu na za watu wetu. Ya pili, ambayo ni kubwa zaidi, ni kwamba swali la nani achague kipi kibaki na kipi kitupwe haliwahusu watengeneza filamu peke yao. Taifa lolote litakalo kukumbuka mambo yake hukutana na swali hilo, na walimu wetu hukutana nalo kila wanapoingia darasani.

Kazi yenyewe

Yafaa kwanza tuieleze kazi hii, kwani vijana wa leo wameizoea picha isiyoshikika mkononi. Zamani filamu ilikuwa kitu cha kushikwa. Sisi tuliokulia vijijini tuliijua kwa gari la sinema lililokuja mara moja au mbili kwa mwaka. Ukanda ulipokatika, fundi aliwasha taa, akaziunga ncha mbili, na kipande kilichoharibika akakitupa chini. Asubuhi yake watoto tulivigombania vipande hivyo. Tulivinyanyua kuelekea jua, tukastaajabu kuona kwamba yule mtu aliyekuwa akikimbia usiku kumbe hakimbii hata kidogo. Amesimama mara 10 au 15, kila mara mguu umesogea kiasi cha unywele.

Hapo ndipo ilipo siri yote. Katika filamu ya sauti picha 24 hupita kila sekunde. Filamu ya dakika 90 ina picha karibu 130,000, na ukanda wake wa milimita 35 ukinyooshwa hufika karibu mita 2,500. Huo ni ukanda uliobaki. Ule uliopigwa huwa mrefu kuliko huo mara tano, mara kumi, au zaidi, na haukupigwa kwa mfuatano wa hadithi. Kifo cha shujaa huenda kilipigwa siku ya kwanza, na kuzaliwa kwake siku ya mwisho.

Mhariri hupokea marundo hayo. Huketi mbele ya meza ambayo ukanda hulazwa juu ya sahani zinazozunguka, ukapita mbele ya taa na kioo kidogo. Aweza kuupeleka mbele, kuurudisha nyuma, kuuharakisha au kuusimamisha. Ukanda wa sauti huenda kando yake, nao sharti ulingane na picha kama mpigo wa ngoma na mguu wa mchezaji. Mkononi huvaa glavu nyeupe ili asiuchafue ukanda. Huweka alama kwa kalamu ya mafuta, hukata, huunga kwa utepe, na vipande ambavyo bado hajaviamua huvitundika kwenye misumari. Hiyo ni nakala ya kazi. Ukanda wa asili haukatwi mpaka kila jambo limekwisha kuamuliwa. Kwa Kijerumani kazi hii huitwa Schnitt, maana yake mkato. Jina hilo ni la haki, lakini latutajia nusu ya kazi tu, kwa kuwa nusu ya pili ni kuunga.

Tangu miaka ya mwanzo ya sinema wanawake wengi waliwekwa katika vyumba hivyo. Wakubwa wa viwanda waliiona kazi ya kukata na kuunga kuwa ndugu wa ushonaji, yenye kutaka vidole vyepesi na uvumilivu. Walikosea kidogo. Vidole vilihitajika, kweli, ila kilichohitajika zaidi kilikuwa hukumu.

Mwanzo wake

Beate Mainka-Jellinghaus alizaliwa mwaka 1936 huko Dortmund, mji wa makaa ya mawe na chuma magharibi mwa Ujerumani. Vita vya 1939–1945 viliuacha mji huo magofu. Kizazi chake kilifikia utu uzima katika nchi iliyokuwa na haraka ya kujenga upya na isiyopenda kuulizwa habari za jana. Sinema za miaka hiyo zilikuwa nyingi, nazo zilijaa milima mizuri, mashamba mazuri na mapenzi yasiyo na matata. Watu walikwenda kusahau.

Tarehe 28 Februari 1962 vijana 26 wa sinema walitangaza, katika mji wa Oberhausen, kwamba filamu ya zamani imekufa nao wanaitaka mpya. Mmoja wao alikuwa Alexander Kluge, mwanasheria na mwandishi wa hadithi. Tangazo ni maneno. Ili maneno yawe filamu, alitakiwa mtu wa kuketi mezani. Ndipo tunapomkuta Beate Mainka, kama alivyoitwa wakati huo. Ndiye aliyeihariri filamu ndefu ya kwanza ya Kluge, Abschied von gestern, ya mwaka 1966, ambayo jina lake lamaanisha kuagana na jana. Ni hadithi ya Anita G., msichana wa Kiyahudi aliyetoka Ujerumani ya Mashariki kwenda ya Magharibi, akahangaika kutoka nyumba hadi nyumba, kazi hadi kazi, mpaka gerezani. Filamu hiyo ilipata tuzo ya Simba wa Fedha huko Venice. Miaka miwili baadaye, mwaka 1968, filamu ya Kluge juu ya wasanii wa sarakasi, Die Artisten in der Zirkuskuppel: ratlos, ikapata Simba wa Dhahabu hapo hapo Venice. Hiyo nayo ilipita mikononi mwake.

Filamu za Kluge hazisimulii hadithi kwa mstari ulionyooka. Zinaweka picha ya mtu anayesema, kisha maandishi, kisha mchoro wa zamani, kisha kipande cha filamu ya vita, kisha wimbo. Kluge ameshikilia kwamba filamu hukamilika katika kichwa cha mtazamaji: picha mbili zikiwekwa pamoja huzaa ya tatu, ambayo haimo katika ukanda. Washairi hatuoni ajabu hapo. Ukwapi una maana yake, na utao una maana yake, ila yale maumivu au ile furaha impatayo msikilizaji hutoka katika kile kituo kifupi kilicho baina yao. Kazi ya mhariri ni kukijua kituo hicho.

Gurudumu lililotupwa

Mwaka 1968 alimhariria kijana mwingine filamu yake ndefu ya kwanza. Kijana huyo, Werner Herzog, alizaliwa mwaka 1942. Filamu iliitwa Lebenszeichen, yaani dalili za uhai, nayo ilihusu askari wa Kijerumani aliyepata wazimu katika kisiwa cha Ugiriki wakati wa vita.

Herzog mwenyewe amesimulia yaliyotokea. Gurudumu la kwanza la filamu lilikuwa limezungushwa kinyume, mwisho ukiwa mwanzo. Mhariri hakujali. Akaliweka mezani, akalitazama kwa kasi kubwa, nyuma mbele. Lilipokwisha, akalichukua gurudumu zima akalitupa katika pipa la taka, akasema kuwa ni baya mno na hataligusa tena. Kijana akaduwaa. Zilikuwa dakika 10 za jasho lake, na mama huyu hata hakuzitazama kwa mwendo wake. Baada ya majuma mawili, alipoiona kazi nyingine yote imesimama, akatambua kwamba mama yule alisema kweli.

Kisa hiki tumekitafakari sana. Mtu asiyejua angesema ni kiburi. Lakini mchezaji ngoma hodari hahitaji kuusikia wimbo wote ndipo ajue kwamba ngoma imelegea. Kigongo cha kwanza chamtosha. Aliyeketi miaka mingi mbele ya ukanda huliona jambo hilo hilo kwa macho: kama picha ina uhai au haina, kama mtu aliye mbele ya kamera yupo kweli au anajifanya kuwapo. Ujuzi huo hausomwi katika siku mbili.

La pili la kutafakari ni kwamba Herzog hakumfukuza. Alirudi kwake, akaendelea kurudi kwa miaka 16, katika filamu zaidi ya 10. Na kwa miaka yote hiyo, asimulia Herzog, mhariri wake alinung'unika kwamba picha aletewazo ni mbovu. Hata maonyesho ya kwanza ya filamu alizozihariri hakuyahudhuria, isipokuwa ya Auch Zwerge haben klein angefangen, ya mwaka 1970, ambayo aliipenda. Wahenga walinena kwamba akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki. Katika sanaa twaweza kuongeza kuwa akwambiaye kweli kabla kazi haijatoka nje naye ni rafiki, japokuwa maneno yake ni machungu. Wasifuji hupatikana kwa urahisi, hasa pale mtu anapokuwa na cheo.

Picha za nchi zetu

Sasa tufike kwetu. Mwaka 1956, chini ya Mlima Kilimanjaro, wapasuaji watatu, Michael Wood, Archibald McIndoe na Thomas Rees, walitafakari namna ya kuwafikishia matibabu watu wakaao mbali na hospitali. Mwaka 1957 huduma ya Madaktari Wanaoruka ilianzishwa, wakitumia ndege ndogo zinazotua katika nyika na katika viwanja vya udongo. Mwishoni mwa miaka ya 1960 Herzog na mpiga picha wake Thomas Mauch walikuja Afrika Mashariki, wakawafuata madaktari hao katika Tanzania, Kenya na Uganda. Matokeo yake ni filamu ya dakika 45 kwa ajili ya televisheni ya Ujerumani, Die fliegenden Ärzte von Ostafrika. Aliyeihariri ni Beate Mainka-Jellinghaus.

Herzog amepata kusema kwamba kwake yeye hiyo ni taarifa kuliko kuwa filamu. Kwetu sisi yatosha kuwa ni kumbukumbu. Imo ndege ndogo ikishuka, wamo wagonjwa waliotembea kutoka mbali, yamo mikono ya mpasuaji kazini. Na zimo sehemu mbili ambazo mwalimu yeyote angefaa kuzifikiria.

Katika ya kwanza, Wamaasai waliofika kutibiwa wanasita kupanda ngazi fupi ya gari la matibabu. Katika ya pili, wanakijiji wamefundishwa habari za magonjwa ya macho kwa mchoro mkubwa wa jicho. Baada ya somo wanaulizwa mchoro ule ni wa nini, na wengi hawatambui kwamba ni jicho. Kisha michoro kadhaa inatundikwa, mmoja umegeuzwa juu chini, wanaulizwa ni upi uliogeuzwa, na wengi hawautambui.

Mtazamaji wa Ujerumani aliyeketi sebuleni kwake mwaka 1970 angeweza kucheka. Angeweza pia kufikiri. Ni nani aliyewahi kuona jicho lenye ukubwa wa mlango, lisilo na uso, lisilo na nyusi, lililobandikwa ubaoni? Mchoro ni lugha, na lugha hufunzwa. Mzee yule aliyeshindwa kuusoma mchoro angeweza kuzisoma nyayo za ng'ombe wake kati ya nyayo za ng'ombe mia, na daktari wa mjini angeona vumbi tupu. Basi aliyeshindwa siku ile hakuwa mwanafunzi. Njia ya kufundishia ndiyo iliyoshindwa, na Herzog mwenyewe alifahamu kwamba watu wale waliona kwa namna nyingine.

Yatupasa tutambue kwamba kipande kile kingeweza kukatwa. Dakika 45 si nyingi, na picha za ndege na upasuaji zingetosha kumpendeza mtazamaji. Lakini kilibakizwa. Kwa kubakizwa kwake, filamu inayowasifu madaktari ikawa pia filamu inayouliza kama daktari ameeleweka. Hiyo ndiyo nguvu ya mkasi.

Hata hivyo haifai tufumbe macho. Sauti isimuliayo ni ya Kijerumani, kwa kuwa ilisemwa kwa Wajerumani. Uamuzi wa nini kionekane cha maisha yetu ulifanyika mbali na sisi, juu ya meza ambayo hapakuwa na mtu wa kwetu. Hatusemi kwamba mhariri alitudhulumu. Alifanya kazi yake kwa uaminifu kwa picha alizoletewa. Twasema tu kwamba taifa lisilo na meza yake ya kuhariria litajiona daima kwa namna lilivyokatwa na wengine, hata wakiwa wakataji wema.

Kukata na kuacha

Filamu nyingine yatuonyesha upande mwingine wa kazi yake. Fata Morgana, ya mwaka 1971, ilipigwa kwa sehemu kubwa katika jangwa la Sahara. Yaanza kwa ndege kubwa inayotua. Kisha ndege nyingine inatua mahali pale pale. Kisha nyingine. Mara nane twaona ndege ikitua, na kila mara hewa ya joto imezidi kutetemeka, hata ndege inakuwa kama kitu cha ndotoni. Mhariri mwoga angebakiza moja akatupa saba. Kumbe kurudia kule ni kibwagizo. Maneno ni yale yale, lakini msikilizaji si yule yule.

Mwaka huo huo wa 1971 ilitoka Land des Schweigens und der Dunkelheit, nchi ya ukimya na giza. Inamhusu Fini Straubinger, mwanamke wa Bavaria asiyeona wala kusikia, anayewatembelea wenzake walio katika hali kama yake na kuzungumza nao kwa kugusa viganja vyao. Mwishoni mwanamume mmoja kipofu na kiziwi anaondoka katika kundi, anatembea peke yake bustanini mpaka anaugonga mti. Anaushika. Anayapapasa matawi, kisha shina, polepole. Hakuna asemaye kitu. Mhariri ameziacha dakika hizo zijiendee zenyewe. Hapo ndipo tunapojifunza kwamba ajuaye kukata hujua pia wakati wa kuuweka mkasi chini.

Mwaka 1972 ulikuwa wa Aguirre, der Zorn Gottes, iliyopigwa katika misitu ya Peru. Ni habari ya Wahispania wa karne ya 16 waliotafuta nchi ya dhahabu mpaka wakaangamia mtoni. Filamu hiyo ililifikisha jina la Herzog pande zote za dunia. Mwaka 1974 ilifuata filamu juu ya Kaspar Hauser, kijana aliyeonekana ghafla mjini Nürnberg mwaka 1828, akiwa amefungiwa tangu utoto na hajui kusema. Huko Cannes mwaka 1975 ilipata tuzo kubwa ya baraza la waamuzi. Mwaka huo huo Beate Mainka-Jellinghaus alitunukiwa Utepe wa Dhahabu, tuzo ya filamu ya Ujerumani, kwa uhariri wake. Yule asiyehudhuria sherehe akatajwa kwa jina.

Mwaka 1979 alihariri filamu mbili zisizofanana hata kidogo. Woyzeck ya Herzog ilipigwa kwa siku 18, na uhariri wake ukamalizika kwa siku nne. Picha zake ni ndefu, kamera imetulia, mikato ni michache. Ya pili ilikuwa Die Patriotin ya Kluge, yaani mzalendo mwanamke. Hiyo ni rundo la vipande: vita, theluji, hekaya, mikutano, mchoro, wimbo. Katika ya kwanza mhariri hupima mahali pachache pa kukata, naye akikosea pamoja kosa litaonekana na kila mtu. Katika ya pili hukata mamia ya mara, naye asipokuwa na dira hupotea. Mkono ni ule ule. Kwa hiyo tusiseme kwamba mhariri mzuri ni yule mwenye mtindo wake. Mhariri mzuri huiuliza kazi yenyewe inataka nini.

Jembe la mwalimu

Die Patriotin yastahili tuitue kidogo, kwani shujaa wake ni mwalimu wa shule. Gabi Teichert, aliyechezwa na Hannelore Hoger, anafundisha historia katika jimbo la Hessen. Alionekana kwanza katika Deutschland im Herbst ya mwaka 1978, filamu iliyotengenezwa na waongozaji wengi pamoja baada ya mauaji ya kisiasa ya mwaka 1977, ambayo Mainka-Jellinghaus alikuwa mmoja wa wahariri wake. Mwalimu huyu hakuridhika na vitabu. Anachukua sepetu na kwenda kuchimba ardhi iliyoganda, akiitafuta historia ya nchi yake. Anakwenda hata kwenye mkutano wa chama cha siasa kuwaomba wajumbe wasaidie kuibadili historia, ili apate kitu chema cha kuwafundisha watoto. Na msimulizi wa filamu ni goti. Ni goti la askari mmoja aliyekufa Stalingrad. Mwili wote umepotea na goti limebaki, nalo linadai kusema.

Ni kichekesho, lakini kicheko chake kina machozi. Mwalimu wa Kijerumani hakuweza kuifundisha historia ya nchi yake bila kupita juu ya maiti, na baadhi ya maiti hizo zilikuwa za mababu zetu. Katika Vita vya Maji Maji vya 1905–1907 watu wa kusini mwa nchi yetu waliuawa kwa risasi, na wengi zaidi kwa njaa baada ya mashamba na maghala kuchomwa. Kwa miaka mingi kumbukumbu zilizoandikwa za vita hivyo zilikuwa hasa zile za watawala. Basi mwaka 1968 wanafunzi wa chuo kikuu cha Dar es Salaam walishika sepetu yao. Walikwenda vijijini wakakaa chini ya miti na wazee, wakaandika masimulizi ya waliokumbuka, au ya waliosimuliwa na waliokumbuka. Waliwahi. Wazee wengi wa namna hiyo hawakuishi miaka mingi baada ya hapo.

Hawa nao walifanya kazi ya uhariri. Kila masimulizi yaliandikwa, yakalinganishwa na mengine, yakapangwa. Msomaji wa leo hulijua jina la Kinjeketile. Jina la mwanafunzi aliyemwuliza mzee swali sahihi, kisha akanyamaza ili mzee aseme, halijui.

Mwisho wa ushirikiano

Mwaka 1982 ulitoka Fitzcarraldo, filamu ya mtu aliyeivusha meli nzima juu ya kilima katika msitu wa Peru. Sehemu kubwa yake ilikwisha kupigwa na wachezaji wengine, ndipo mchezaji mkuu akaugua na mwenzake akaondoka. Picha hizo zote zikawekwa kando, kazi ikaanzwa upya. Herzog, aliyewahi kuduwaa kwa gurudumu moja la dakika 10, sasa alikubali kupoteza miezi. Huko Cannes akapewa tuzo ya mwongozaji bora.

Mwaka 1984 ilitoka Wo die grünen Ameisen träumen, habari ya wenyeji wa Australia wanaoketi mbele ya mashine za kampuni ya madini ili kuilinda ardhi yao. Hiyo ilikuwa filamu ya mwisho ya Herzog kupita mezani kwa Beate Mainka-Jellinghaus. Leo Herzog ametungiwa vitabu vingi. Katika vingi vya hivyo mhariri wake ni jina ndani ya orodha, na yule mama aliyetupa gurudumu katika pipa.

Funzo kwetu

Tumesimulia haya si kwa kutaka kila kijana awe mhariri wa filamu. Meza ile yenye sahani zinazozunguka imeshaingia katika makumbusho, na leo mtu hukata na kuunga kwa kompyuta, hata kwa simu ya mkononi. Lakini kazi imebaki ile ile, nayo sasa imewaangukia watu wote. Kijana anayepiga picha za arusi, au za ngoma ya kijijini kwao, au za bibi yake akisimulia hadithi, ndiye mwenye kuamua kipi kibaki. Akimkata bibi kwa kuwa anasema polepole, hakuna atakayemrudisha.

Kwa walimu tuna ombi. Mwanafunzi aletapo insha, msimsahihishie tahajia peke yake. Mfundisheni kuutazama ukurasa wake kama mama yule alivyolitazama gurudumu, na kuuliza kama una uhai. Mfundisheni kwamba kutupa ni sehemu ya kutunga. Sisi wenyewe katika ujana wetu tulilinda kila ubeti tuliouandika kama mtu alindaye kuku wake. Ilitupasa kukutana na mzee mmoja, mkali wa ulimi, aliyesoma beti zetu 20 akatubakizia tatu. Usiku ule tulimchukia. Zile tatu ndizo zilizochapishwa.

Na kwa taifa tuna ombi pia. Kila kitabu, kila wimbo, kila filamu na kila kumbukumbu ya makumbusho ina mikono iliyopanga, iliyokata na iliyounga. Majina ya mikono hiyo yaandikwe, tena yasomwe. Si kwa ajili ya kuwafurahisha wenyewe, kwani wengine, kama mama huyu, hata sherehe hawaji. Ni kwa sababu mtoto asiyeambiwa kwamba kazi hiyo ipo hawezi kuitamani, na nchi isiyo na watu wa kazi hiyo itaendelea kuletewa sura yake ikiwa imeshakatwa.

Tunahitimisha kwa ubeti wetu mmoja:

Mkato uwe wa haki, picha zipate kusema,
Kisofaa hakibaki, japo machoni ni chema,
Mkali hababaiki, ajapopewa lawama,
Na jina lake daima, lisifichike gizani.